Leseni kama Kiungo cha Ulinzi: Uteuzi wa Programu za Kingavirusi na Tatizo la Nakala Zilizokrakiwa

1.0 Utangulizi

Makala haya yanafafanua sababu za kiufundi, na kwa kiasi kidogo za kisheria, zinazoifanya nakala haramu ya programu ya kingavirusi kuwa na hatari ya aina yake, isiyolingana na hatari ya nakala haramu ya programu nyingine. Mjadala kuhusu programu za wizi umezoeleka kuendeshwa kwa lugha ya maadili: anayenakili bila ruhusa anamdhulumu mtunzi, naye anayelijua hilo akaendelea ana hatia. Hoja hiyo ni ya haki, lakini mara nyingi haimfikii mlengwa. Mwanafunzi wa uzamili mwenye kompyuta ya mtumba na posho isiyotosha nauli ya kwenda uwandani huipima dhuluma anayoitenda dhidi ya kampuni tajiri iliyo ng'ambo, akaiona ndogo. Si yeye peke yake. Jumuiya ya watengenezaji wa programu ijulikanayo kama BSA ilikadiria kuwa asilimia 37 ya programu zilizowekwa katika kompyuta binafsi duniani mwaka 2017 hazikuwa na leseni. BSA ni chombo cha wenye mali, na makadirio ya mwenye mali kuhusu hasara yake hupaswa kusomwa kwa tahadhari. Hata hivyo hakuna anayefanya kazi katika maabara za kompyuta za vyuo vyetu atakayeshangazwa na tarakimu hiyo.

Makala haya yanashikilia kwamba, kwa upande wa kingavirusi, swali limewekwa mahali pasipo pake. Programu ya kuandikia au ya kuchorea, ikiwa ya halali au ya wizi, huweza kufanya kazi ileile. Kingavirusi haiwezi. Leseni yake si kibali kilichobandikwa juu ya bidhaa iliyokwisha kukamilika. Ni sehemu ya mtambo wenyewe, na mtambo huo hukoma kulinda pindi sehemu hiyo inapong'olewa, ingawa taa zake huendelea kuwaka.

Istilahi chache zinahitaji kuwekwa wazi. Kingavirusi hapa ni programu inayochunguza mafaili na mienendo ya programu nyingine katika kompyuta kwa lengo la kubaini na kuzuia programu hasidi. Kirusi, kwa maana finyu, ni aina moja tu ya programu hasidi: ile inayojipachika katika faili au katika sehemu ya diski na kujinakili. Mazoea ya watumiaji yamelipanua neno hilo hadi likajumuisha minyoo, programu pelelezi na programu za kudai fidia, na makala haya yanafuata mazoea hayo pale ambapo tofauti haina uzito. Kukraki ni neno la mtaani lililokwisha kuota mizizi miongoni mwa mafundi na wanafunzi. Maana yake ni kuibadilisha programu, au kuihadaa, ili ifanye kazi bila leseni. Limeachwa kama lilivyo kwa kuwa neno "kuvunja" lingeleta utata. Programu iliyokrakiwa haionekani kuvunjika. Inafunguka na inaonekana nzima, na hapo ndipo penye tatizo.

2.0 Kirusi kilichozaliwa katika ugomvi wa nakala

Uhusiano kati ya virusi na nakala haramu ni wa tangu mwanzo. Kirusi cha kwanza kuenea katika kompyuta za aina ya IBM PC, kijulikanacho kwa jina la Brain, kilitokea mwaka 1986 katika mji wa Lahore, Pakistani. Watunzi wake, ndugu wawili Basit na Amjad Farooq Alvi, waliendesha duka la kompyuta, wala hawakujificha: ndani ya msimbo wa kirusi hicho waliandika majina yao, anwani na namba za simu. Maelezo waliyoyatoa baadaye ni kwamba walikuwa wametunga programu ya kitabibu, wakakerwa na watu walioinakili bila kulipa, wakatunga kirusi cha kuwaandama. Brain kilikaa katika sekta ya kuanzishia ya diski laini, na diski safi iliyoingizwa katika kompyuta iliyoambukizwa iliondoka nacho. Haukupita muda mrefu kikawa kimevuka bahari hadi Marekani na Ulaya, kikiwapata watu ambao hawakuwahi hata kuisikia programu hiyo ya kitabibu.

Kisa hiki hutajwa mara nyingi kama kichekesho cha historia. Kwa mjadala wetu kina uzito zaidi ya huo. Kinaonesha kwamba nakala inayopita mikononi mwa watu wengi, bila yeyote kuwajibika nayo, ni chombo cha usafiri, na kila anayeishika anaweza kupakia mzigo wake.

Mnyoo wa Conficker, uliojitokeza Novemba 2008, unatupatia funzo la pili. Ulitumia kasoro ya Windows ambayo Microsoft ilikuwa imekwisha kuitolea kiraka mwezi mmoja kabla, na toleo lake lililofuata liliongeza njia ya kusafiri kupitia flashi. Aliyetumia kompyuta za maabara ya chuo au za steshenari miaka ile atakumbuka hali ilivyokuwa: flashi ilikwenda kuchapishiwa kazi ya kurasa kumi, ikarudi na folda zilizofichwa na mafaili ya majina yasiyofahamika. Lakini lililo muhimu zaidi ni kile ambacho Conficker ulikifanya baada ya kuingia. Ulizima huduma ya masasisho ya Windows na kuizuia kompyuta isizifikie tovuti za kampuni za kingavirusi. Mtunzi wake alielewa kwamba mlinzi hana haja ya kuuawa. Inatosha kumkatia mawasiliano na makao makuu. Msomaji aliweke akilini jambo hili, kwa sababu litarudi katika sehemu ya 4.0 likiwa mkononi mwa mtu mwingine.

3.0 Anachokinunua mwenye leseni

Kingavirusi ya kisasa hutegemea njia kadhaa kwa pamoja. Iliyo kongwe ni ya alama za utambuzi, yaani vipande vya msimbo au tarakimu za hashi zinazoitambulisha programu hasidi iliyokwisha kuchunguzwa maabara. Sambamba nayo kuna uchunguzi wa kukisia, unaolipima faili lisilojulikana kwa sifa zake za ndani, na ufuatiliaji wa mwenendo: programu inayofungua mamia ya nyaraka kwa mfululizo, kuziandika upya na kubadilisha majina yake hutiliwa shaka hata kama haijawahi kuonekana popote. Hatimaye kuna kuuliza seva. Faili geni linapofika, kingavirusi hutuma muhtasari wake kwa mtengenezaji na kupokea jibu katika muda mfupi mno, jibu linalotokana na yale yaliyoonekana katika kompyuta nyingine nyingi.

Hakuna hata mojawapo ya njia hizi iliyo kamilifu, na upungufu huo si uzembe wa watengenezaji. Fred Cohen, mtafiti wa Marekani aliyekuwa miongoni mwa wa kwanza kuvichunguza virusi vya kompyuta kitaaluma, alithibitisha katika miaka ya 1980 kwamba haiwezekani kuwapo programu moja itakayobaini virusi vyote bila kukosea. Maana ya uthibitisho huo kivitendo ni kwamba kingavirusi haikamiliki kamwe. Taasisi ya AV-TEST ya Magdeburg, Ujerumani, hueleza kuwa husajili zaidi ya programu 450,000 mpya hasidi au zisizotakiwa kila siku. Nyingi kati ya hizo ni vibadala vya zile za jana, vilivyogeuzwa kidogo tu ili visitambuliwe. Kwa hiyo kingavirusi iliyokosa masasisho kwa wiki mbili imepitwa na mamilioni ya vibadala.

Hapa ndipo tofauti ya msingi inapojitokeza. Mwenye leseni hakununua faili la kusakinisha. Faili hilo kwa kawaida hutolewa bure katika tovuti ya mtengenezaji, na yeyote anaweza kulipakua. Alichonunua ni kazi ya wachambuzi kwa muda wa mwaka mmoja au miwili: mkondo wa masasisho, majibu ya seva, na wajibu wa mtu anayejulikana iwapo mambo yataharibika. Ulinganisho ulio karibu zaidi si wa kitabu kilichonakiliwa bali ni wa ankara ya maji. Anayeiba bomba amepata bomba.

Jambo la pili ni madaraka. Ili izuie faili kabla halijafunguliwa, kingavirusi huweka sehemu yake katika kiini cha mfumo endeshi, mahali ambapo programu za kawaida haziruhusiwi kufika. Inaweza kusoma kila faili, kusimamisha programu yoyote, kuchunguza mawasiliano ya intaneti, na kukataa kuondolewa. Ni askari wa lindo mwenye funguo za vyumba vyote. Kwa sababu hiyo mifumo endeshi ya sasa huidai kingavirusi iwe na sahihi ya kidijitali ya mtengenezaji wake, na Windows huuwekea utaratibu maalumu wa ulinzi mchakato wa kingavirusi ili usichezewe hata na mwenye haki za msimamizi. Mtu anapoisakinisha programu ya aina hii, hamwamini mtengenezaji kwa jambo dogo.

4.0 Kinachoondolewa na kukraki

Zipo njia kuu tatu za kuitumia kingavirusi ya kulipia bila kulipa, na kila moja huharibu mahali tofauti.

Nyepesi kuliko zote ni ya ufunguo uliovuja. Ufunguo uliouzwa kwa taasisi kwa ajili ya kompyuta hamsini hutoka nje, ukasambazwa katika makundi ya Telegram na kuandikwa kwa kalamu juu ya visanduku vya CD. Mtengenezaji huona ufunguo mmoja ukijitokeza katika maelfu ya kompyuta za nchi mbalimbali, akaufuta. Tangu siku hiyo masasisho hukoma. Mtumiaji hutafuta ufunguo mwingine, ambao nao utafutwa, na katika vipindi vya katikati kompyuta yake hukaa bila ulinzi mpya. Vipindi hivyo hajui vimeanza lini. Kati ya njia zote tatu hii ndiyo yenye madhara haba, kwa kuwa programu yenyewe haijaguswa.

Njia ya pili ni ya kurejesha muda wa majaribio. Programu ndogo hufuta kumbukumbu za siku thelathini za majaribio ili hesabu ianze upya. Lakini kingavirusi hulinda kumbukumbu zake dhidi ya kuchezewa, kwa hiyo programu hiyo ndogo haiwezi kufanya kazi mpaka ulinzi huo uzimwe. Mtumiaji anaambiwa amfunge mlinzi kamba ili mgeni apite, akiahidiwa kwamba mgeni akishapita atamfungua.

Ya tatu ndiyo kukraki kwenyewe. Faili la kingavirusi hubadilishwa ili lisiulize leseni, au liulize na kujijibu. Badiliko la baiti moja tu hubatilisha sahihi ya kidijitali ya faili hilo, hivyo sharti zilegezwe pia taratibu zinazoikagua. Kisha, ili mtengenezaji asigundue, mawasiliano na seva zake hukatwa, mara nyingi kwa kuongeza mistari katika faili la mfumo liitwalo hosts, linaloielekeza kompyuta ipite wapi kuzifikia anwani za intaneti. Matokeo yake ni kompyuta isiyoweza kuwasiliana na kampuni ya kingavirusi yake. Conficker ulilazimika kutumia kasoro ya Windows ili kuifikisha kompyuta katika hali hiyo. Aliyekraki anaifikia kwa hiari ya mwenye kompyuta.

Maelekezo yanayoambatana na kraki karibu daima huwa na agizo lilelile: zima kwanza kingavirusi uliyonayo, kwa kuwa itaiona kraki hii kimakosa kuwa ni kirusi. Ni haki kukiri kwamba dai hilo wakati mwingine ni la kweli. Kingavirusi nyingi huziwekea kraki alama ya zana haramu hata pale ambapo hazina mzigo mwingine wowote ndani yake. Ila mtumiaji hana njia ya kutofautisha onyo la kimakosa na onyo la kweli. Aliyekuwa na uwezo wa kumtofautishia ndiye aliyeambiwa amzime. Ken Thompson, mmoja wa watunzi wa mfumo wa Unix, alieleza katika mhadhara uliochapishwa mwaka 1984 kwamba hata kuusoma msimbo wote wa programu hakumhakikishii mtu usalama ikiwa hamwamini aliyeitayarisha. Mtayarishaji wa kraki hana jina. Faida anayoipata haijulikani, na saa nyingi za kazi alizozitumia lazima zilipwe na mtu fulani.

Lipo tokeo moja ambalo halizungumzwi vya kutosha na ambalo kwa maoni yangu linatosha peke yake kumaliza ubishi. Tangu Windows 8 ya mwaka 2012, kila kompyuta yenye Windows huja na kingavirusi kamili ya Microsoft, leo ikiitwa Microsoft Defender, bila malipo ya ziada na yenye kusasishwa kila siku. Kingavirusi nyingine inaposakinishwa na kujisajili katika mfumo kuwa ipo kazini, Defender hujiondoa ili zisigongane. Leseni ya kingavirusi hiyo ngeni ikiisha, mfumo hujua, na Defender hurudi zamu. Lakini kingavirusi iliyokrakiwa huuambia mfumo kwamba ina leseni hai, kwa kuwa hiyo ndiyo kazi ya kraki. Defender haina sababu ya kurudi. Mtumiaji aliyesumbuka kuitafuta nakala ya wizi amejikuta na ulinzi pungufu kuliko ule ambao angekuwa nao kama asingefanya lolote.

5.0 Tasnifu iliyofungwa

Hatari iliyoelezwa hadi hapa si ya kinadharia. Programu ya kudai fidia ijulikanayo kama STOP, au Djvu, ambayo vibadala vyake vilianza kuenea kwa kasi mwaka 2018, ilisambazwa hasa ndani ya kraki na programu za kuzalisha funguo. Wengi wa walioathiriwa hawakuwa hospitali wala benki bali watu binafsi na wanafunzi, wale hasa wanaotafuta programu za bure usiku wa manane. Mtumiaji aliifungua kraki, akaona dirisha lisilotimiza kitu au dirisha la uongo la masasisho ya Windows, na baada ya muda mfupi nyaraka, picha na majedwali yake yote yakawa na kiambishi kipya mwishoni mwa majina, yasifunguke tena. Barua iliyoachwa katika kila folda ilidai dola 980 za Marekani, au dola 490 kwa atakayewasiliana ndani ya saa 72. Vibadala kadhaa viliandamana na programu pelelezi ya kuiba nywila, na vikaandika katika faili la hosts ili mwathiriwa asizifikie tovuti ambazo zingemsaidia. Oktoba 2019 kampuni ya Emsisoft ilitoa bure programu ya kuyafungua mafaili yaliyosimbwa na matoleo ya zamani; kwa matoleo yaliyotoka baada ya Agosti mwaka huo, ambayo yalibadili namna ya kusimba, waathiriwa wengi hawakupata msaada.

Tumchukue mtafiti aliyerudi kutoka uwandani na saa arobaini za mahojiano, manukuu yake, picha za nyaraka za kumbukumbu na sura nne za tasnifu. Vyote vimo katika kompyuta moja na katika flashi moja, na flashi hiyo imechomekwa katika kompyuta ileile wakati kraki inafunguliwa. Kwa mtu huyu, dola 490 si adhabu kubwa kuliko zote. Mtoa taarifa mzee aliyehojiwa mwaka jana huenda hayupo tena. Na hata pale ambapo mafaili yanaweza kurudishwa, programu pelelezi imekwisha kuondoka na nywila za baruapepe, na pengine na mahojiano ya watu walioahidiwa kwa maandishi kwamba majina yao hayatajulikana.

Kamati za maadili ya utafiti humtaka mtahiniwa aeleze atakavyotunza data. Jibu la kawaida, kama mtahini yeyote anavyofahamu, ni sentensi moja: data zitahifadhiwa katika kompyuta yenye nywila. Mara chache sana huulizwa nywila hiyo inalindwa na nini.

6.0 Upande wa sheria

Sheria haina utata mkubwa hapa. Mkataba wa TRIPS, katika ibara yake ya 10, unazitaka nchi wanachama wa Shirika la Biashara Duniani zizilinde programu za kompyuta kama kazi za fasihi kwa mujibu wa Mkataba wa Berne. Tanzania Bara inazilinda kwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na Kenya kwa Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001. Zanzibar ina sheria yake. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya Tanzania ya mwaka 2015 inaongeza makosa yanayohusu ukiukaji wa haki miliki kwa kutumia mifumo ya kompyuta.

Ni nadra mtumiaji mmoja wa nyumbani kufuatiliwa kwa sheria hizi, na kumtisha kwazo hakusaidii. Kwa taasisi na kwa mtafiti zipo sheria nyingine zenye uzito zaidi: Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya Tanzania ya mwaka 2022 na Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya mwaka 2019. Zote mbili zinamtaka anayekusanya taarifa za watu achukue hatua za kuzilinda. Anayezihifadhi taarifa hizo nyuma ya kingavirusi iliyokrakiwa atapata taabu kueleza kwamba alichukua hatua hizo.

7.0 Leseni peke yake haitoshi

Ingekuwa kosa kuhitimisha kwamba kila kilicho halali ni salama. Tarehe 19 Julai 2024, sasisho lenye kasoro kutoka kampuni ya CrowdStrike, lililotumwa kwa wateja waliolipa kikamilifu, liliziangusha kompyuta za Windows zinazokadiriwa na Microsoft kufikia milioni 8.5, zikiwamo za viwanja vya ndege na hospitali. Chanzo ni madaraka yaleyale yaliyoelezwa katika sehemu ya 3.0: kilicho ndani ya kiini cha mfumo kikikosea, mfumo wote huanguka. Hata hivyo kampuni ilijulikana, iliulizwa, na sasisho la kurekebisha lilitolewa siku ileile.

Kisa cha Avast kinauma zaidi. Kampuni hiyo, iliyotoa kingavirusi ya bure kwa mamilioni ya watu, ilikusanya kumbukumbu za tovuti walizozitembelea na kuziuza kupitia kampuni yake tanzu ya Jumpshot, iliyofungwa Januari 2020. Februari 2024 Tume ya Biashara ya Marekani ilitangaza kuitaka Avast ilipe dola milioni 16.5 na kuipiga marufuku kuuza data hizo kwa matangazo. Leseni ilikuwapo na ilikuwa halali. Aliyeisoma kwa makini huenda angeshuku. Mwaka huohuo Marekani ilipiga marufuku uuzaji wa bidhaa za Kaspersky nchini humo kwa hoja za usalama wa taifa, na masasisho kwa wateja wa huko yakakoma mwishoni mwa Septemba. Mtu anaweza kukubaliana na uamuzi huo au kuupinga. Ulichokidhihirisha ni kwamba kuchagua kingavirusi ni kuchagua mamlaka ya nchi ipi inaweza kuikata.

8.0 Uteuzi

Kutokana na hayo, swali la kwanza kwa mtumiaji wa kawaida si "nilipe kiasi gani?" bali "je, ninahitaji kulipa?" Mwenye kompyuta moja ya Windows iliyo halali na inayosasishwa tayari ana Defender, na maabara huru kama AV-TEST na AV-Comparatives ya Innsbruck, Austria, zimekuwa zikiijaribu pamoja na za kulipia. Kwa wengi wetu inatosha. Kwa seva za baruapepe na kwa mifumo ya Linux ipo ClamAV, inayosimamiwa na Cisco na kutolewa kwa leseni huria ya GPL. Leseni hii huruhusu kuinakili, kuichunguza na kuigawa, kwa hiyo ni halali kwa maana iliyo pana kuliko ya bidhaa nyingi za kulipia. Udhaifu wake ni kwamba haikukusudiwa hasa kuwa mlinzi wa papo hapo wa kompyuta ya mezani, na anayeiweka nyumbani kwake akidhani imefanya kazi yote amejidanganya.

Sharti lililotajwa juu, Windows halali, ni zito kwetu. Kingavirusi bora juu ya mfumo endeshi uliokrakiwa na kuzimiwa masasisho ni kufuli jipya katika mlango wa kuti. Mnyoo wa WannaCry wa tarehe 12 Mei 2017 ulizipata kompyuta zaidi ya 200,000 katika nchi zipatazo 150 ilhali kiraka chake kilitolewa na Microsoft tarehe 14 Machi mwaka huo. Asiyeweza kugharimia Windows halali ana njia ya Linux, na kwa kazi za kuandika tasnifu njia hiyo si ya mateso kama inavyosemwa.

Anayeamua kulipa, hasa ofisi au idara, ausome mkataba wa leseni katika mambo machache: idadi ya vifaa, tarehe ya kuanza kuhesabiwa, kama matumizi ya ofisi yanaruhusiwa (leseni nyingi za bure ni za nyumbani tu), na kama ufunguo umefungwa kwa kanda fulani ya dunia. Hili la mwisho huwakwaza wengi. Ufunguo wa bei ya chini mno unaouzwa mtandaoni mara nyingi ni wa kanda nyingine, au ni kipande cha leseni ya taasisi kilichokatwa na kuuzwa rejareja, na utafutwa kama ule uliovuja. Risiti ya muuzaji haimsaidii mnunuzi ikiwa muuzaji hakuwa na haki ya kuuza. Njia rahisi ya kuhakiki ni kupakua programu kutoka katika tovuti ya mtengenezaji mwenyewe, kuuingiza ufunguo katika akaunti iliyofunguliwa huko, na kuangalia kama akaunti inaonesha jina la mnunuzi na tarehe ya kuisha. Ufunguo unaokuja na maelekezo ya kutofungua akaunti umekwisha kujieleza.

9.0 Kompyuta iliyokwisha kuwa na nakala ya wizi

Linabaki swali la yule ambaye nakala ya wizi anayo tayari. Kuiondoa kwa njia ya kawaida na kuweka ya halali juu yake hakutoshi, kwa kuwa kilichopita wakati mlinzi amezimwa huenda bado kimo, na faili la hosts pamoja na orodha ya mafaili yaliyosamehewa kukaguliwa huweza kubaki kama yalivyoachwa na kraki. Utaratibu ulio salama ni wa kuchosha: kunakili nyaraka peke yake, bila programu wala mafaili ya kusakinishia, katika diski ya nje, kuifuta diski ya kompyuta yote, kusakinisha upya mfumo endeshi kutoka chanzo cha mtengenezaji, kwa kutumia flashi iliyotayarishwa katika kompyuta nyingine, kuruhusu masasisho yote yaingie, kisha ndipo nyaraka zikaguliwe na kurudishwa. Nywila za baruapepe, za benki na za mfumo wa chuo zibadilishwe kutoka katika kifaa kingine, na zibadilishwe kabla ya kazi hii kuanza, kwa sababu kama zimeibwa, kila saa ya kusubiri ni ya mwizi. Diski ya nje ikimaliza kunakili ichomolewe na kuwekwa mbali. Kwa kompyuta ya kawaida kazi hii huchukua siku nzima, na ni vema ifanywe wakati sura inayoandikwa haina tarehe ya kuwasilishwa kesho yake.